Nimeigiza tangu utoto, sasa nataka kuongoza: Aparna Sen alivukaje?

*"Shikamoo mwalimu. Nina miaka 34 na naigiza filamu na tamthilia hapa Dar es Salaam tangu nikiwa binti mdogo. Mama yangu anapenda sana filamu za Kihindi, na kwa njia hiyo nikamjua Aparna Sen, mwigizaji wa Kibengali aliyekuja kuwa mwongozaji. Nami nina hadithi yangu, naijua yote kichwani, nataka niiongoze mwenyewe. Wenzangu wananiambia mambo matatu. Kwamba Aparna alibebwa na baba yake na Satyajit Ray, mwongozaji mashuhuri wa Kibengali, na Ray ndiye aliyemfundisha kuongoza. Kwamba nikitaka kuheshimiwa kama mwongozaji lazima niache kuigiza. Na kwamba kwa kuwa sura yangu inajulikana, filamu ya kwanza niicheze mwenyewe ndipo itauza. Kuna prodyuza yuko tayari kutoa fedha kwa sharti hilohilo, niwe nyota wa filamu. Aparna alifanyaje? Na je, nimechelewa?"*

Marahaba mwanangu. Nianze na la mwisho kwa sababu ndilo jepesi: hujachelewa hata kidogo. Aparna Sen alizaliwa Kolkata mwezi Oktoba 1945. Filamu ya kwanza aliyoiongoza, *36 Chowringhee Lane*, ilitoka mwaka 1981. Hesabu mwenyewe utaona kwamba wakati huo alikuwa na umri kama wako. Mbele ya kamera alikuwa amesimama tangu 1961, katika *Samapti*, sehemu mojawapo ya filamu ya Ray iitwayo *Teen Kanya*, akicheza binti msumbufu wa kijijini anayeozwa kabla hajawa tayari kuwa mke. Kwa hiyo ipo miaka 20 kati ya uigizaji wake wa kwanza na uongozaji wake wa kwanza. Wasiwasi wako halisi, nikiusoma vizuri, hauhusu umri. Unaogopa kuvuka kwa mlango usiofaa, ukakosa huku na kule.

Kabla ya yote, weka jambo moja sawa. Filamu za Kihindi anazopenda mama yako nyingi zilitengenezwa Mumbai. Aparna ni wa Kolkata, ambako studio nyingi ziko mtaa wa Tollygunge na lugha ni Kibengali, na huko sinema ililelewa karibu sana na fasihi. Aliigiza filamu za biashara na filamu za sanaa kwa pamoja, mwaka uleule, bila kuona haya. Kumbuka hilo, nitalirudia.

Sasa habari ya kubebwa. Baba yake, Chidananda Dasgupta, alikuwa mhakiki wa filamu, na mwaka 1947 yeye na Satyajit Ray walikuwa miongoni mwa waanzilishi wa Chama cha Filamu cha Calcutta, jina la zamani la Kolkata. Nyumba ya namna hiyo ni msaada mkubwa, na anayesema haikumsaidia hasemi kweli. Alikua akisikia filamu zikijadiliwa kama nyumba nyingine zinavyojadili siasa. Lakini kwa Ray hakuwa mwanafunzi wa uongozaji. Alikuwa mwigizaji wake: *Samapti*, kisha *Aranyer Din Ratri* ya 1970, nafasi ndogo katika *Jana Aranya*, na *Pikoo* ya 1980. Aliigiza pia kwa mwongozaji Mrinal Sen katika *Akash Kusum* ya 1965. Aliyojifunza kwao aliyapata kwa kutazama, akiwa amekaa pembeni akingoja teki yake, yaani zamu yake ya kupigwa picha, jambo ambalo wewe pia umelifanya kwa miaka mingi kama ulikuwa macho.

Kilichomvusha ni karatasi. Aliandika skripti nzima ya *36 Chowringhee Lane*, mwanzo hadi mwisho, kabla hajawa na prodyuza wala ahadi ya mtu. Alipoimaliza alimpa Ray aisome. Ray aliipenda, akamhimiza atafute prodyuza, na jina la Shashi Kapoor likatajwa. Mama yako atamkumbuka Shashi, yule ndugu askari polisi katika *Deewaar* ya 1975. Fedha alizopata kwenye filamu za aina hiyo Shashi alizitumia kutengeneza filamu nyingine ambazo Mumbai haikuzoea kuzigharamia. Na tazama mlango ulivyofunguka: Aparna alikuwa amekwisha kuigiza pamoja na Shashi na mkewe Jennifer Kendal katika *Bombay Talkie* ya 1970, na pamoja na Shashi tena katika *Imaan Dharam* ya 1977. Hakuwafikia kama mgeni. Uigizaji ulimpa watu wa kuwapelekea skripti, na skripti ikawapa watu hao kitu cha kushika mkononi.

Hapa ndipo sentensi yako moja imenishtua: unasema hadithi unaijua yote kichwani. Mwanangu, hadithi iliyo kichwani haina urefu, haina bajeti, na haiwezi kumwonyesha mtu kasoro zake. Iandike. Kwa mpangilio wa kawaida wa skripti, ukurasa mmoja hukaribia dakika moja ya filamu, kwa hiyo lenga kurasa 90 hadi 100. Ukimaliza, waite waigizaji wenzako wanne au watano waisome kwa sauti mezani, wewe usisome hata neno. Kaa na kalamu. Kila wanapolazimika kuuliza "huyu kaingia saa ngapi?" au wanaporuka mstari kwa uvivu, weka alama. Fanya hivyo kwa rasimu mbili au tatu kabla ya kuzungumza fedha na mtu yeyote.

Na iandike kwa lugha ya mhusika. *36 Chowringhee Lane* ni ya Kiingereza kwa sababu mhusika wake, Violet Stoneham, ni mwalimu mzee wa jamii ya Waanglo-India, watu wa damu iliyochanganyika ya Kiingereza na Kihindi, na Kiingereza ndiyo lugha ya nyumbani kwao. Kwa mwigizaji maarufu wa Kibengali, kuanza na filamu isiyo ya Kibengali ilikuwa hatari kubwa kibiashara. Lakini bibi yule angesemeshwa Kibengali chumbani mwake, filamu ingekufa siku ya kwanza. Kama mhusika wako ni wa Tanga au wa Ujiji, asiongee Kiswahili cha taarifa ya habari.

Tuje kwenye kuigiza katika filamu yako mwenyewe. Katika filamu ya kwanza Aparna hakujipa nafasi. Alikuwa nyota, sura yake ingeuza tiketi Kolkata, lakini Violet akampa Jennifer Kendal. Katika filamu ya pili, *Parama* ya 1985, mhusika mkuu alichezwa na mwigizaji Raakhee, naye Aparna akajichukulia nafasi ya kando ya Sheela, rafiki wa mhusika. Ilipofika *Paromitar Ek Din* ya mwaka 2000 ndipo alipojipa uhusika mzito, wa Sanaka, mavyaa anayefanya urafiki wa kweli na mkaza mwana wake, urafiki unaodumu hata baada ya ndoa ya mtoto wake kuvunjika. Miaka 19 ilipita kati ya ile ya kwanza na hii. Huo ni mpangilio wa mtu anayejua uzito wa kila kazi.

Sababu ni hii. Mwigizaji huiona filamu kutoka ndani ya mtu mmoja. Mwongozaji anashika kitu kingine kabisa: mtazamaji anajua nini, na anakijua kabla au baada ya mhusika. Chukua Violet. Anaishi peke yake na paka wake. Shuleni wamemnyang'anya kipindi cha Shakespeare alichokipenda na kumwachia sarufi. Mwanafunzi wake wa zamani anamtembelea na mchumba wake, wakaomba kutumia nyumba yake mchana akiwa kazini, wakidai kijana anahitaji utulivu wa kuandika. Sisi tunajua mapema kwamba wanatafuta pa kuwa faragha. Violet hajui. Kila anapowatengenezea chai na kufurahi kwamba nyumba imepata watu, sisi tunaumia kwa niaba yake. Mwigizaji anayeandika kutoka ndani ya Violet angetuficha siri ile hadi Violet aigundue, tukapata mshtuko wa dakika mbili. Mwongozaji alitupa siri mapema, tukapata maumivu ya filamu nzima. Ninaiona hii kuwa kazi bora kabisa ya kwanza iliyowahi kutoka kwa mwigizaji aliyevuka, na naisema bila kusita. Ilimpatia Tuzo ya Taifa ya India ya mwongozaji bora, mpigapicha mkuu Ashok Mehta naye akapata ya kwake, na mwaka 1982 ikachukua tuzo kuu katika tamasha la kimataifa la Manila.

Itazame mara mbili. Mara ya kwanza kwa moyo wako tu. Mara ya pili kaa na daftari, kila tukio uandike safu mbili: "mtazamaji anajua nini" na "Violet anajua nini". Kisha chukua skripti yako uifanyie vivyo hivyo. Ukiona safu mbili zinafanana kuanzia mwanzo hadi mwisho, bado unaandika kama mwigizaji.

Waigizaji wanaovuka huangukia makosa yaleyale, nami nakutajia ili uyakwepe. La kwanza ni kuwaigizia waigizaji wako mistari: "sema hivi." Utapata nakala zako tano kwenye filamu moja. Mpe mwigizaji kitendo au sababu, kwa mfano "unataka aondoke kabla mumeo hajarudi", halafu nyamaza. La pili ni kupenda nyuso mno. Mtu aliyekulia mbele ya kamera huamini uso, basi hupiga picha za karibu kila mahali, na akifika kwa mhariri hana picha ya mlango ukifunguka, hana mtu akivuka chumba, hana sura ya anayesikiliza. Kwa kila tukio andika orodha ya picha kabla ya siku ya kupiga, na usiondoke lokesheni bila picha pana inayoonyesha nani yuko wapi, picha ya kuingia na kutoka, picha ya msikilizaji, na sekunde 30 za sauti ya chumba kikiwa kimya watu wote wakiwa wamesimama. Sekunde hizo ndizo zitakazoziba viraka vya sauti baadaye, na zikikosekana kila mkato utasikika. La tatu hutokea chumba cha uhariri: huruma. Unajua mwenzako alivyohangaika kulia kwenye tukio la 41, basi unaliacha lote. Lipunguze.

Ukijiongoza mwenyewe, gharama huongezeka kwa namna ambayo prodyuza wako huenda hajaihesabu. Timu ndogo hukamilisha kurasa tatu hadi tano kwa siku. Kurasa 90 kwa kasi ya kurasa nne ni kama siku 23. Sasa ongeza kwamba kila teki yako lazima uirudie kuitazama kwenye skrini: teki sita za dakika mbili zimekula dakika 12 kwa pembe moja tu ya kamera, kabla hujarekebisha vipodozi na kurudi mahali pako. Utahitaji mtu wa kusimama mahali pako wakati taa zinapangwa, wa kimo na rangi ya ngozi inayokaribia yako. Utahitaji pia msaidizi wa mwongozaji unayemwamini kiasi cha kumruhusu akuambie mbele ya watu, "bado, rudia." Mpige mwenzako kwanza huku ukimpa macho yako yote, upande wako upigwe baadaye. Na katika tukio gumu la kihisia utagundua kwamba akili inayohesabu mwanga wa jua unaozama haiwezi kulia.

Kwa hiyo, ushauri kuhusu sharti la prodyuza. Sikuambii ukatae moja kwa moja, maana hali zenu hazifanani: Aparna alipata mtu aliyeweka fedha bila kudai sura yake, na watu wa aina ya Shashi Kapoor ni wachache. Rudi kwake na pendekezo la *Parama*: wewe uwe na nafasi ya kando yenye nguvu, jina na sura yako vitumike kwenye bango, lakini usionekane katika zaidi ya theluthi moja ya matukio. Wengi hukubali, kwa sababu wanachonunua ni bango. Akishikilia uwe mhusika mkuu, mimi ningechagua kuahirisha, nitengeneze kwanza filamu fupi: kurasa 10 hadi 12, waigizaji wawili, mahali pamoja, siku tatu za kupiga, wewe ukiwa nyuma ya kamera tu. Itakuonyesha wewe na yeye kama unaweza. Hasara yake ni kwamba fedha zake zinaweza zisiwepo tena utakaporudi. Hilo ni kweli, lipime.

Na kuacha kuigiza? Usiache. Huyu unayemwiga hakuacha. Baada ya *36 Chowringhee Lane* aliendelea na filamu za wengine kwa miaka mingi. Mwaka 1994, miaka 13 baada ya kuanza kuongoza, alimchezea mwongozaji Rituparno Ghosh nafasi ya mama mcheza ngoma katika *Unishe April*, filamu iliyochukua Tuzo ya Taifa ya filamu bora. Tangu 1986 hadi 2005 alikuwa mhariri wa *Sananda*, jarida la wanawake la Kibengali. Tazama miaka ya filamu alizoongoza: 1981, 1985, 1989, 1995, 2000. Kati ya moja na nyingine kuna pengo la miaka minne, mitano, sita. Filamu za namna hiyo hazikulipii kodi ya nyumba kila mwezi. Uigizaji na jarida ndivyo vilivyomwezesha kungoja skripti iive badala ya kupiga chochote kilichopata fedha. Heshima unayoogopa kuikosa ilikuja kwa kazi zenyewe. *Parama* ilizua mabishano makali kwa sababu mke wa nyumba yenye ukoo mzima, ambaye kila mtu anamwita kwa cheo chake cha kifamilia, anapata mpenzi na mwishoni anakataa kujiona mwenye hatia. Tuzo ya Taifa ya uongozaji aliipata tena kwa *Mr. and Mrs. Iyer* ya 2002, miaka 21 baada ya ile ya kwanza.

Hiyo ya mwisho itazame nayo. Mama kijana wa Kitamil, Mhindu wa tabaka la juu la Kibrahmini, yuko safarini na mtoto mchanga, basi linasimamishwa na watu wenye silaha wanaowatafuta Waislamu, naye anamtaja msafiri wa kando yake, mpigapicha Mwislamu, kuwa ni mumewe. Mhusika mkuu ni Konkona Sen Sharma, binti yake Aparna, aliyeshinda tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwa kazi hiyo. Angalia jinsi neno moja linalosemwa kwa hofu linavyobeba filamu nzima, na jinsi basi lile lilivyojazwa abiria mmoja mmoja, kila mmoja na tabia yake, kabla hatari haijafika. Anza na *Samapti*, kisha *36 Chowringhee Lane*, kisha *Paromitar Ek Din*, umalizie na hii. Tafuta nakala zenye tafsiri chini ya picha.

Kuna mambo ambayo barua haitoshi. Usitie saini karatasi yoyote ya prodyuza huyo bila kuonana ana kwa ana na mwanasheria anayejua mikataba ya sanaa. Mpelekee maswali haya yakiwa yameandikwa: skripti inabaki ya nani kama filamu haikupigwa ndani ya muda uliopangwa, na inarudi kwangu lini? Prodyuza anaweza kuniondoa kwenye uongozaji katikati ya kazi akabaki na hadithi yangu? Nani mwenye neno la mwisho kwenye uhariri? Malipo ya kuandika, ya kuongoza na ya kuigiza yametajwa kila moja peke yake, au yamefungwa kwa jumla moja? Hilo la mwisho ndilo linalowaumiza waigizaji wanaovuka kuliko mengine, kwani hulipwa kama nyota na kazi mbili zilizobaki wakazifanya bure. Kabla ya kumwonyesha mtu rasimu yako iliyokamilika, pita COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, uisajili, na kabla ya siku ya kwanza ya kupiga hakikisha kibali cha Bodi ya Filamu kimetoka, kimeandikwa jina sahihi la filamu na la mwenye haki.

Kwa ufundi wenyewe, omba nafasi ya msaidizi kwa mwongozaji yeyote unayemheshimu, kwa filamu moja tu, ukae upande wa pili wa kamera mwanzo hadi mwisho, na baada ya hapo wiki mbili kwa mhariri wake. Waalimu wa TaSUBa, chuo cha sanaa kule Bagamoyo, na waongozaji wanaofika tamasha la filamu la Zanzibar, wanaweza kukusomea rasimu ukiwafuata na nakala mkononi. Wapelekee kurasa 90. Na ukiwa bado uko ukurasa wa 30, niandikie tena uniambie umekwama wapi.